Usilichome tawi lililobunguliwa: mwongozo wa kufuga nyigu wanaowala vipekecha wa miti

Katika mitaa mingi ya Nairobi, tawi likikauka na kuanza kumwaga unga wa mbao hukatwa siku hiyohiyo na kutiwa moto. Wengine hupuliza dawa juu ya gome. Dawa hiyo humuua kila mdudu anayepita nje na kumwacha yule anayetafutwa, maana yeye yumo ndani ya mti na mbao zinamkinga. Nakuomba usubiri kidogo kabla ya kuwasha kiberiti. Anayelitoboa ni kipekecha, yaani mbawakavu ambaye buu wake hula mbao, na mara nyingi ndani ya tawi hilo yumo pia adui wake, nyigu mdogo mwembamba anayekulia juu ya mwili wa buu huyo gizani. Ukichoma tawi unawaua wote wawili. Mbawakavu watarudi upesi kutoka kwenye miti ya jirani, lakini nyigu huchukua muda mrefu zaidi kurudi.

Nitaeleza namna ya kuliweka tawi hilo kwenye ndoo, kuwapata nyigu wanapotoka, kuwatambua, na kuwarudisha bustanini bila kuwaachia mbawakavu. Vifaa vinapatikana kwenye hadwea ya mtaani. Gharama kubwa ni subira.

Mjue kwanza anayekula mti wako

Soma matundu. Mbawakavu wenye papasi ndefu (vipapasio vya kichwani), ambao wataalamu huwaita Cerambycidae, hutoka kupitia tundu la duara lililobanwa kidogo pande mbili. Wale wa rangi za kung'aa, Buprestidae, huacha tundu lenye umbo la herufi D, upande mmoja ukiwa umenyooka. Bostrichidae hutoboa duara kamili, na chini yake utakuta unga laini kabisa.

Familia hiyo ya mwisho Wakenya wengi wanaifahamu ingawa hawajui jina lake. Osama, mdudu anayegeuza mahindi kuwa unga ghalani na ambaye Watanzania humwita dumuzi, ni mmoja wao. Jina lake la kisayansi ni Prostephanus truncatus. Asili yake ni Amerika ya Kati, ambako huishi pia ndani ya matawi makavu ya miti, na alifika Tanzania na kisha Kenya kati ya mwisho wa miaka ya 1970 na mwanzo wa miaka ya 1980. Kabla ya kuwa mwizi wa mahindi, alikuwa kipekecha wa miti.

Kuna pia wale wadogo sana, wenye matundu ya milimita 1 au 2, na kuta za matundu yao ni nyeusi. Weusi huo ni kuvu ambayo mbawakavu hao huipanda ndani ya mti ili wao na watoto wao waile. Kumbuka kundi hili, kwa sababu baadaye litahitaji utaratibu tofauti.

Tundu la nyigu ni dogo, la duara, safi, na halina unga chini yake. Ukiona matundu mengi ya namna hiyo juu ya gome, nyigu wamekwisha kuondoka. Tafuta tawi jingine kwenye mti huohuo, lililokufa baadaye.

Hapa mjini miti inayofaa kuchunguzwa ni mingi: mgunga, mjakaranda, mgrevilea, mparachichi, mkaratusi, saipresi na mtarakwa. Saipresi nitaitaja zaidi kidogo. Nyanda za juu za Afrika Mashariki zina mbawakavu wake, Oemida gahani, aliyewasumbua sana wapanda misitu wa Kenya katika karne iliyopita. Huingia kupitia vidonda vya kupogolea na matawi yaliyofia mtini, kisha mabuu wake hula mbao za katikati huku mti ukiendelea kuonekana mzima. Ukiwa na saipresi uani, pogoa kwa msumeno mkali wakati matawi bado ni membamba, wala usiache visiki virefu.

Mkaratusi nao una onyo lake. Si kila nyigu mdogo anayetoka kwenye mti huo ni rafiki. Leptocybe invasa, nyigu aliyetokea Australia na kuonekana Kenya mwaka wa 2002, huvimbisha vikonyo na mishipa ya majani mpaka miche ikadumaa. Kwa hiyo usiweke majani wala vitawi vichanga vya mkaratusi ndani ya ndoo yako. Weka mbao tupu zenye gome.

Namna nyigu anavyompata buu asiyeonekana

Sehemu hii si hatua ya kazi, lakini anayeielewa hufanya kazi yote kwa makini zaidi.

Nyigu jike hutembea juu ya gome akiligonga kwa ncha za papasi zake. Ananusa unga uliosukumwa nje na buu, ananusa kuvu inayoota ndani, na kwa miguu yake anahisi mtetemo wa buu akitafuna. Wapo wanaopiga mti kwa papasi na kupokea mwangwi kwa miguu, hivyo humpata hata yule aliyetulia kabisa, kama vile buu aliyekwisha kugeuka bundo, hatua ya kati ya buu na mdudu mzima, na kuacha kula.

Akishapima mahali, huinua tumbo na kuusimamisha mrija wake wa kutagia wima juu ya gome. Mrija huo umeundwa kwa vipande vitatu vilivyoshikana kwa mifereji. Viwili vya chini huteleza kimoja baada ya kingine, kwenda na kurudi, na ncha zake zina meno ya msumeno. Katika baadhi ya jamii ncha hiyo imeimarishwa kwa madini, zinki au manganizi. Kwa mrija mwembamba kama uzi, mdudu huyu anapenya mti mgumu bila nyundo. Yai lake hunyooka na kuwa refu na jembamba ili lipite ndani ya mrija huo, kisha hurudia umbo lake likifika upande wa pili.

Wengi wao humchoma buu kwanza kwa sumu inayompoozesha, na tangu hapo buu hali tena mti wako. Yai huwekwa juu ya mwili wake au pembeni. Mtoto wa nyigu akianguliwa, humnyonya mpaka libaki ganda la kichwa na ngozi iliyokunjamana, kisha husokota kifukofuko palepale kwenye njia aliyoichimba buu. Jamii nyingine humwacha buu aendelee kula na kukua kwa muda, na humuua mwishoni. Nyingine hazingoji buu azaliwe, maana hutaga ndani ya mayai ya mbawakavu.

Hao wa mayai wana historia inayotia moyo. Phoracantha semipunctata, kipekecha wa mikaratusi kutoka Australia, alifika Afrika Kusini mwanzoni mwa karne ya 20 na baadaye akaenea nchi nyingi zilizopanda mikaratusi. Huko California alishambuliwa na nyigu mdogo sana, Avetianella longoi, aliyeachiliwa mwaka wa 1993 na ambaye hukulia ndani ya mayai ya kipekecha huyo. Nchini Marekani pia, kipekecha wa kijani Agrilus planipennis aligunduliwa karibu na Detroit mwaka wa 2002, akaua mamilioni ya miti. Tangu mwaka wa 2007 wanasayansi wamekuwa wakiachilia nyigu kutoka China, nyumbani kwa mbawakavu huyo, na baadhi yao wamejiimarisha misituni. Miti mikubwa bado inakufa huko, na hilo lazima lisemwe wazi. Faida kubwa imeonekana kwa miti michanga inayochipuka baada ya ile ya kwanza kuanguka.

Hatua ya kwanza: pata tawi

Tafuta tawi lenye unene wa kati ya kidole gumba na kifundo cha mkono, lililokufa miezi michache iliyopita, gome likiwa bado limeshika na unga ukiwa bado mweupe. Mti mkavu wa miaka mingi, gome limebanduka na unga umegeuka kahawia, hauna faida kwa kazi hii.

Kama uani kwako hakuna, subiri siku mafundi wanapopogoa miti chini ya nyaya za umeme. Ongea nao mapema, kabla matawi hayajapakiwa: "Mzee, naomba nichukue yale makavu yenye matundu." Watu wengi watakupa kwa furaha, maana umewapunguzia mzigo. Karura, Arboretum, City Park na Msitu wa Ngong usiende na msumeno. Hiyo ni misitu na bustani za umma, na kukata humo bila kibali ni kosa. Tena ndani ya msitu kipekecha ana kazi yake halali ya kuanzisha kuoza kwa mti uliokufa. Mwache aifanye.

Njia ninayoipenda kuliko zote ni ya tawi la chambo. Kata tawi bichi unalopogoa kutoka kwenye mti uleule unaosumbuliwa, lifunge kwa waya chini ya kivuli cha mti huo, mita moja hivi kutoka ardhini, uliache nje. Mbawakavu huvutwa na harufu ya mti uliokatwa karibuni na kuja kutaga. Mabuu wakishaanza kula, nyigu huwafuata. Baada ya miezi 2 au 3 lishushe na uliingize ndani ya ndoo. Ukilishusha mapema mno utapata mbawakavu peke yao, maana nyigu hawakupewa muda wa kufika. Chambo ina faida nyingine: unajua tarehe ya kila kitu.

Usisahau kulishusha. Tawi la chambo lililosahaulika ni shamba la kuzalishia vipekecha.

Hatua ya pili: tengeneza ndoo ya giza

Tumia ndoo ya rangi ya lita 20 yenye mfuniko unaobana. Isafishe mpaka harufu ya rangi iishe. Kama plastiki yake inapitisha mwanga, ipake rangi nyeusi kwa nje au ifunge kwa mfuko mweusi. Wadudu wanaotoka ndani ya mbao hukimbilia mwanga, na mtego wote unategemea tabia hiyo: giza kila mahali, mwanga mahali pamoja tu.

Toboa tundu ubavuni, karibu na ukingo wa juu, linaloutosha mdomo wa chupa angavu ya plastiki. Ingiza mdomo huo ndani, chupa yenyewe ibaki nje ikielekea dirishani, kisha ziba ukingo kwa selotepu pana au gundi. Ndani ya chupa weka kipande cha tishu kilichokunjwa. Kitanyonya matone ya mvuke, kwani nyigu wa milimita 2 huzama ndani ya tone moja la maji.

Ndoo lazima ipumue. Kata dirisha dogo kwenye mfuniko, libandike kitambaa cheusi kilichosukwa kwa karibu, chenye kupitisha hewa na kuzuia mwanga. Chini ya ndoo tandaza magazeti kadhaa, yatanyonya unyevu na kukuonyesha unga unaodondoka.

Kata matawi yaingie yakiwa wima. Chovya kila ncha iliyokatwa kwenye nta ya mshumaa iliyoyeyushwa. Wengi huipuuza hatua hii, na ndiyo inayookoa kazi nzima: mti hupoteza maji haraka sana kupitia ncha zilizokatwa, na buu ndani ya mti uliokauka ghafla hufa pamoja na nyigu aliye juu yake. Usijaze ndoo. Acha nafasi hewa izunguke, la sivyo ukungu utafunika kila kitu.

Weka aina moja ya mti kwa kila ndoo. Ukichanganya mgunga na mparachichi, hutajua tena nani alitoka wapi.

Hatua ya tatu: ngoja, na linda

Ndoo ikae barazani penye kivuli siku nzima. Jua la adhuhuri likiipiga, joto la ndani litawaua wote kabla ya jioni. Isimamishe juu ya matofali au stuli ambayo miguu yake imo ndani ya makopo yenye maji na mafuta kidogo, kwa sababu ya sisimizi. Nasema hili kwa msisitizo: sisimizi wakiigundua chupa yako usiku, asubuhi utakuta mabawa tu.

Mara moja kwa wiki au mbili, fungua na unyunyizie maji kidogo kwa chupa ya kupulizia. Wakati wa mvua ndefu, Machi hadi Mei, huenda usihitaji kabisa. Januari na Februari utahitaji. Ukiona ukungu, acha kunyunyizia na fungua mfuniko saa chache ndani ya chumba kilichofungwa.

Chupa iangaliwe kila asubuhi. Nyigu wengine watatoka baada ya wiki chache. Mbawakavu wenye papasi ndefu wanaweza kuchukua mwaka mzima au zaidi, na nyigu wao huchelewa vivyo hivyo. Baridi ya Juni na Julai hupunguza mwendo wa kila kitu. Usikate tamaa ukiona kimya cha miezi miwili. Ukiendelea kuona unga mpya juu ya gazeti, kazi inaendelea ndani.

Anzia siku ya kwanza kuandika kwenye daftari: mti gani, unene wa tawi, mahali, tarehe ya kulikata, na kila siku ya kutoka kwa mdudu yeyote.

Hatua ya nne: watenganishe

Chomoa chupa, izibe kwa pamba, iweke ndani ya friji kwa dakika kama kumi. Wadudu watapoa na kutulia, nawe utapata muda wa kuwaangalia kwa lenzi ya mkono bila kuwaumiza.

Mbawakavu ana ganda gumu mgongoni, na mstari mmoja ulionyooka unaligawa mara mbili. Nyigu ana mabawa manne angavu kama anayo, kiuno kilichobanwa, na papasi ndefu zisizotulia. Jike wa jamii nyingi ana mrija mrefu nyuma, pengine mrefu kuliko mwili wake. Watu huuogopa wakidhani ni mwiba wa kuchoma binadamu. Ni chombo cha kutobolea mti, na mwenyewe ni mpole.

Wengi utakaopata watakuwa wa familia ya Braconidae, wembamba, wa kahawia au weusi, kichwa cha duara. Ukibahatika utapata Stephanidae, na huyo hutamsahau: shingo ndefu, mapaja ya nyuma yaliyovimba na yenye meno, na juu ya kichwa nundu ndogo tano zilizojipanga kuzunguka jicho la kati kwa mfano wa taji. Wapo pia wa Eupelmidae, wa kijani cha metali, wanaoruka kwa nguvu na kujikunja mgongo wanapoguswa.

Mmoja wa kujihadhari naye ni wa jenasi Sclerodermus, katika familia ya Bethylidae. Jike wake mara nyingi hana mabawa na ukimwona utadhani ni sisimizi mdogo mwenye kichwa bapa. Huingia mwenyewe kwenye njia za vipekecha, humchoma buu, hutaga, na hubaki akiwalinda watoto wake mpaka wakue, tabia ya nadra miongoni mwa nyigu wa aina hii. Lakini huchoma watu pia. Katika nyumba zenye samani zilizobunguliwa, amewahi kuwa chanzo cha vipele vinavyowasha ambavyo watu hudhani ni vya kunguni. Mshike kwa brashi ndogo ya rangi, usimshike kwa vidole.

Usimuue mbawakavu mwenye manyoya, mwenye rangi nyekundu au buluu na mwili mrefu. Huenda ni wa Cleridae, mwindaji anayekula vipekecha na mabuu wao. Mrudishe bustanini pamoja na nyigu.

Jambo moja litakukanganya, na huwakanganya hata wataalamu. Wapo nyigu wanaowala nyigu wenzao, na wapo waliotoka kwenye viota vya nyuki wadogo waliojenga ndani ya matundu ya zamani. Kutoka ndani ya tawi lenye kipekecha hakuthibitishi kwamba nyigu huyo alimla kipekecha. Ndiyo maana kuna hatua ya sita.

Hatua ya tano: waachie

Nyigu uliowatenga wape chakula kwanza: tone la asali iliyochanganywa na maji, likipakwa juu ya tishu. Nyigu waliokomaa wa jamii hizi hunywa maji matamu ya maua, na jike aliyeshiba huishi na kutaga zaidi. Waachilie asubuhi, jua likiwa limekwisha kupasha hewa, chini ya mti uleule tawi lilikotoka. Usiwapeleke Kisumu kwa rafiki, wala usiwatoe Mombasa kuja Nairobi. Hawa ni wa hapa, na kazi yao ni ya hapa. Kuingiza nyigu kutoka nchi nyingine ni jambo la vibali na majaribio ya miaka, chini ya KEPHIS, shirika la serikali la ukaguzi wa afya ya mimea, si la mtu binafsi.

Mbawakavu waliobaki watie ndani ya maji yenye sabuni.

Kama vipekecha wako ni wakubwa, unaweza kujipunguzia kazi ya kutenganisha. Badala ya chupa, weka dirisha la wavu wa waya wenye matundu ya milimita 2 hivi. Nyigu wembamba watapenya na kwenda zao, mbawakavu watabaki ndani wafe. Chagua waya, maana wavu wa plastiki na chandarua cha mbu mbawakavu hawa huvitafuna. Kanuni hiyohiyo hutumiwa na wakulima wa maembe dhidi ya nzi wa matunda: matunda yaliyooza huwekwa ndani ya hema la wavu, nzi hubaki, nyigu hutoka. Lakini kwa wale vipekecha wadogo wenye matundu meusi usithubutu. Wao na nyigu wao wana unene mmoja, na wavu utawaachia wote. Hao watenganishe kwa mkono tu.

Bustani nayo iwe tayari kuwapokea. Acha dania kadhaa zichanue, na shamari kama unayo, kwa sababu maua yao madogo yaliyo wazi yanafikiwa na midomo mifupi ya nyigu. Usipulize dawa juu ya mashina.

Hatua ya sita: pasua tawi

Wadudu wakishaacha kutoka kwa miezi kadhaa, lete patasi na nyundo. Pasua polepole kufuata nyuzi za mti, uzifuate njia zilizojaa unga. Unatafuta kifukofuko kilicholala kando ya ganda la kichwa cha buu. Hapo ndipo uthibitisho ulipo: nyigu huyu, juu ya buu huyu, ndani ya mti huu. Kipige picha kabla ya kukigusa.

Hesabu mabuu waliouawa na matundu ya mbawakavu waliotoka salama. Kuwa mwangalifu na hesabu hii: baadhi ya nyigu hutaga mayai mengi juu ya buu mmoja, hivyo vifukofuko kumi vilivyoshikana huenda ni buu mmoja tu aliyekufa. Rudia kwa matawi ya msimu unaofuata na utajua kama nyigu wanaongezeka.

Kuhifadhi vielelezo

Weka wawili au watatu wa kila aina, si zaidi, ndani ya kichupa chenye spiriti ya asilimia 70. Kama kuna uwezekano wa kuchunguzwa vinasaba, tumia ethanoli ya asilimia 95 na ukiweke kichupa kwenye friza. Andika lebo kwa penseli, kwani wino huyeyuka, na lebo ikae ndani ya kichupa, si nje: mahali, tarehe, jina la mti, jina lako, tarehe ya kutoka, na kipekecha aliyehusika kama unamjua. Nyigu asiye na lebo ni uchafu ndani ya pombe.

Makumbusho ya Taifa, pale Museum Hill, yana sehemu ya wanyama wasio na uti wa mgongo. KEFRI, taasisi ya utafiti wa misitu, iko Muguga, na icipe, kituo cha kimataifa cha utafiti wa wadudu, iko Kasarani. Ni icipe, iliyoanzishwa na Thomas Odhiambo mwaka wa 1970, iliyomleta Cotesia flavipes kutoka Asia na kumwachilia pwani mwaka wa 1993 dhidi ya kiwavi anayetoboa mabua ya mahindi. Kipekecha huyo ni mtoto wa nondo, si wa mbawakavu, lakini kazi ni ileile. Ukitaka kuendesha utafiti rasmi kwa vielelezo vyako, utahitaji leseni ya NACOSTI, tume ya taifa ya sayansi na teknolojia.

Na samani?

Ninaulizwa hili na kila aliyenunua kitanda kando ya Barabara ya Ngong akakuta unga chini yake baada ya miezi. Nyigu hawatakuokolea kitanda. Hufanya kazi vizuri panapokuwa na vizazi vingi vya vipekecha na njia ya kuwafikia, na mbao zilizopakwa vanishi sebuleni hazina lolote kati ya hayo. Kwa samani tumia joto au madini ya boroni, na mwambie seremala akupe mbao zilizokaushwa vizuri, bila ile sehemu nyeupe ya nje yenye wanga, maana Lyctus, yule mdogo wa kahawia anayetoa unga laini, hula hiyo tu.

Wanaotengeneza viti kwa paleti watazame alama iliyochomwa ubavuni. HT maana yake mbao zilipashwa joto mpaka katikati yake ikafika nyuzi 56 za selsiasi kwa dakika 30 bila kukatizwa. Hizo ni salama kwa nyumba, ingawa kipekecha wa hapa anaweza kuziingia baadaye. MB maana yake zilifukizwa kwa gesi ya sumu, na hizo usizilete ndani. Zisizo na alama yoyote ziache nje mpaka uzichunguze matundu yake.